Mwenye Kupiga Kinanda Naye Ni Mwenye Wimbo



Katika kurasa hizi watu wanazoea kusoma habari za ngoma zetu, za ndoa, za matanga na za majina ya wankambo. Leo tunaleta habari ya diski moja ya Wazungu, diski ya muziki wa roki, iliyotoka London katika mwaka 1967. Tunajua kuna watakaouliza: "Sasa ile inaingia namna gani katika kitabu cha mila?" Tunawaomba uvumilivu kidogo. Inaingia, tena inaingia kwa mlango mkubwa.

Tunaandika juu ya neno moja linalosemwa katika vikundi vyetu vya utamaduni, katika makorali na katika orkesta za mitaa yetu. Neno lenyewe ni hili: wimbo ni wa yule aliyesimama mbele. Yule mwenye kuimba, au yule aliyeandika maneno, au basi prezida wa kikundi, njo mwenye wimbo. Wengine wote, mpiga gitare, mpiga ngoma, mama mwenye kuitikia kwa sauti ya pili, wao ni "wasaidizi". Wanapewa soda, wanapewa transporti, wanashukuriwa, na jina lao halionekani popote. Sisi tunasema wazi: neno hilo ni la uongo, na linaharibu mila kuliko vile muziki wa kigeni unaweza kuharibu. Tutaonyesha sababu.

1. Diski yenyewe

Wimbo unaitwa "A Whiter Shade of Pale". Kikundi kilichoupiga ni Procol Harum, jina walilochukua kwa paka wa rafiki yao mmoja. Watu wanaupanga katika ile roki iliyoitwa saikedeliki, ndiyo kusema muziki uliotaka kumpeleka msikilizaji kama katika ndoto, akili ikiwa inatembea peke yake. Mwaka 1967 ulikuwa mwaka wake kabisa kule Uingereza na Marekani.

Maneno yaliandikwa na Keith Reid, ambaye hakuwa mwimbaji wala mpiga chombo. Kazi yake ilikuwa kuandika tu. Kichwa cha wimbo alikipata katika fete moja, aliposikia mtu anamwambia mwanamke kwamba uso wake umepauka. Gary Brooker, mwimbaji na mpiga piano, aliyatafutia maneno hayo sauti na mpangilio wa akordi, na besi yenye kushuka ngazi kwa ngazi. Mwanzoni mwa Machi 1967 wawili hao walikwisha kuuandikisha wimbo kwa nyumba ya kuchapisha muziki. Kwa hiyo kwenye karatasi wimbo ulikuwa na wenyewe wawili: Reid na Brooker.

Lakini wimbo ule wa kwenye karatasi haukuwa bado wimbo tunaoujua. Nyuma ya hapo kikundi kilimpata kijana mmoja, Matthew Fisher, mpiga kinanda cha Hammond. Alikuwa amesoma muziki shuleni, na muziki wa Johann Sebastian Bach ulikuwa masikioni mwake. Walipokuwa wanafanya mazoezi, Fisher akatunga sehemu ya kinanda: ile inayofungua wimbo, inayorudi kati ya mashairi, na inayotembea chini ya sauti ya mwimbaji toka mwanzo hadi mwisho. Wakaingia studio ya Olympic, London. Diski ikatoka Mei 1967.

Kilichofuata kinajulikana. Katika Juni 1967 diski ilifika namba moja Uingereza, ikakaa pale juma sita. Marekani ilifika namba tano. Imeuzwa zaidi ya milioni 10. Katika mwaka 1977, Waingereza walipotaka kuchagua wimbo bora wa miaka 25, walishindwa kuchagua mmoja, wakapa zawadi kwa nyimbo mbili, na hii ilikuwa mojawapo. Katika mwaka 2009 ilitangazwa kuwa wimbo uliopigwa kuliko zote katika mahali pa watu wengi kule Uingereza kwa muda wa miaka 75.

Sasa umuulize mtu yeyote aliyeusikia: "Unakumbuka nini?" Wengi kati yetu hatuelewi Kiingereza, na hata Waingereza wenyewe wanalalamika kwamba maneno yake hayaeleweki. Hakuna mtu anayeanza na maneno. Mtu anafumba macho, anaanza kuvuma na pua: mmm, mmm, mmm. Na ile anayovuma ni kinanda cha Fisher.

2. Miaka 38 ya kunyamaza

Fisher hakupata sehemu yoyote ya haki ya mtunzi. Alilipwa kama mwanakikundi aliyepiga; lakini feza inayokuja kila mara wimbo unapopigwa kwa redio, unapoimbwa na mwingine au kuingizwa katika filamu, ile ya mtunzi, ilikwenda kwa Reid, kwa Brooker na kwa wachapishaji. Yeye hapana.

Je, hakusema kitu? Alisema. Tribinali ilikubali kwamba toka mwanzo, katika mwaka uleule wa 1967, alikwisha kuuliza, na hakupata jibu la maana. Na kwa nini hakuendelea? Hapa, wandugu, msikilize vizuri, kwa sababu ni habari ya kwetu kabisa. Hakuendelea kwa sababu alijua kama angekaza maneno, angefukuzwa katika kikundi. Alikuwa kijana, diski iko namba moja, barabara imefunguka mbele yake. Aseme, apoteze nafasi? Akanyamaza. Mpiga ngoma gani wa kwetu asiyejua kunyamaza kwa namna hiyo?

Alitoka katika kikundi mwaka 1969, akarudi kupiga nao katika miaka ya 1990, akatoka tena. Katika Mei 2005 akashitaki. Miaka 38 ilikuwa imepita.

3. Tribinali tatu

Hukumu ya kwanza ilitoka Desemba 2006. Jaji Blackburne, mtu aliyekuwa amesoma muziki mwenyewe, alisema kwamba kazi ya kinanda ilikuwa sehemu kubwa na ya pekee ya utungaji, si urembo wa juujuu. Fisher alikuwa ameomba nusu ya haki ya muziki. Jaji alimpa 40 kwa 100, kwa maoni kwamba sauti ya kuimba na akordi za Brooker zina uzito zaidi kidogo. Maneno yalibaki ya Reid. Na feza: alipewa kuanzia siku aliposhitaki katika Mei 2005, si kuanzia 1967. Ile ya nyuma yote ilikwenda na maji.

Wengine hawakukubali, wakapanda kwa tribinali ya rufaa. Katika Aprili 2008 ile ilitoa hukumu ya ajabu kidogo: ndiyo, Fisher ni mtunzi pamoja na wengine, lakini amechelewa mno, basi abaki na jina bila feza. Ni sawa na kumwambia mtu: nyumba ni yako, lakini usiingie.

Fisher akapanda ngazi ya mwisho, kwa majaji wa Baraza la Malodi, ambalo wakati ule lilikuwa bado tribinali kubwa kupita zote ya Uingereza. Tarehe 30 Julai 2009 majaji watano, wote kwa sauti moja, wakamrudishia haki yake. Walisema sheria haikuweka mpaka wa miaka kwa mtu kudai kwamba yeye ni mwenye kazi aliyoitunga. Wakasema tena neno la akili: kuchelewa kwa Fisher hakukuwaumiza wale wengine, kuliwafaidisha, miaka yote ile walikuwa wanakula sehemu yake pia. Jaji mmoja, mama Hale, aliongeza kwamba yeye anaikumbuka miaka ile ya 60, na anafurahi kuona mtunzi wa kinanda kile amepata mwishowe heshima yake.

Brooker alikufa katika mwaka 2022, Reid katika mwaka 2023. Wimbo unaendelea kupigwa. Na leo kwenye karatasi majina ni matatu.

4. Majibu kwa wenye kubisha

Tukitoa mfano huu katika mikutano, tunapata majibu manne. Tuyashike moja moja.

La kwanza: "Ile ni mambo ya Bazungu. Sisi Baafrika tunafanya kazi pamoja, hatuhesabu." Jibu hilo ni tamu, lakini halisemi kweli. Nani amesema wankambo hawakuhesabu? Katika mila zetu mnyama wa mawindo hakatwi ovyo. Kila sehemu ina mwenyewe: ya yule aliyetupa mkuki wa kwanza, ya mwenye mbwa, ya mwenye kubeba, ya wazee. Nani aliwahi kuona mwindaji mmoja anakwenda na nyama yote, kisha anawaambia wenzake "sisi tunafanya kazi pamoja, hatuhesabu"? Wangemkamata mashati. Kufanya kazi pamoja ndiko kunakoleta kugawa. Mtu aliye peke yake hana sababu ya kugawa. Wale wanaotumia neno "pamoja" wakati wa kupiga, halafu neno "yangu" wakati wa kulipwa, wasijifunike na nguo ya wankambo.

La pili: "Muziki ya bankambo haina mwenyewe, ni ya bote." Hapa tunakubali nusu. Kuna nyimbo kweli za wote, za kubembeleza mtoto, za kupanda, za kulilia maiti, ambazo hakuna mtu hai anayeweza kusema "ni mimi". Hizo zibaki za wote, na ndiyo sababu hakuna mtu mwenye ruhusa ya kuziandikisha kwa jina lake. Lakini angalieni namna jibu hili linavyotumiwa. Wakati wa kumnyima mpiga ngoma, wimbo ni wa wankambo. Wakati wa kuuza diski, kwenye jalada pameandikwa jina la prezida, na chini "mtunzi". Wimbo unageuka wa wote kwa mlango mmoja, wa mtu mmoja kwa mlango mwingine. Tuchague. Kama ni wa wankambo, iandikwe "wa wankambo, umepangwa na hawa", na majina yafuate. Kama umetungwa na watu wa leo, waandikwe wote waliotunga. Na mila yenyewe haikufuta majina: kati ya Waluba mwenye kusema kasala anajulikana, anaitwa kwa jina lake toka kijiji kimoja hadi kingine, hata kama majina anayosifu yametoka zamani.

Tena mfano wa Fisher unasaidia. Watu walisema: "Kinanda chake kimetoka kwa Bach." Ni kweli kwamba Bach anasikika ndani. Bach alikufa mwaka 1750. Muziki wake ni wa dunia nzima leo, sawasawa na muziki wa wankambo wetu. Lakini Fisher hakunakili. Alikunywa katika mto ule, akatoa kitu chake. Jaji alijua kutofautisha mto na ndoo. Sisi tutashindwa kwa sababu gani? Kijana anayechukua mdundo wa zamani, akaupiga kwa karindula iliyotengenezwa na pipa la mafuta, akauzaa upya, ametunga. Mto ni wa wote. Ndoo aliijaza yeye.

La tatu: "Tukifungua mlango huo, kila mpiga njuga atadai." Brooker mwenyewe alilalamika hivyo baada ya hukumu: kwamba sasa kila mwanamuziki aliyepiga katika diski yoyote atakuja kudai. Lakini angalieni diski yenyewe. Mle ndani ngoma zilipigwa na Bill Eyden, mpiga ngoma wa studio aliyekodiwa kwa kazi ile. Alipiga vizuri. Si ngoma zilizogombaniwa katika kesi hii. Kuna tofauti kati ya kupiga vizuri kile kilichopangwa na kuzaa kitu kipya ambacho bila chenyewe wimbo unakuwa wimbo mwingine. Kipimo ni chepesi, mtu yeyote wa mtaani anaweza kukitumia: ondoa ile sehemu, usikilize kinachobaki. Kama watu bado wanasema "ni uleule", mpigaji alipe haki ya kazi ya mikono, na shukrani. Kama watu wanauliza "mbona umebadilika?", basi mmeondoa mtunzi.

La nne: "Amechelewa. Mwenye kulala amepoteza." Jibu hili tunalisikia kwa wale waliokula tayari. Wazee wetu hawakusema hivyo. Kwetu deni la ng'ombe wa mahari linaweza kumfuata mtu mpaka kwa wajukuu, na hakuna anayesema limeoza. Malodi wa London walisema kama wazee wa kwetu. Lakini tusisahau upande wa pili: Fisher alishinda haki, hakushinda miaka. Kutoka 1967 hadi 2005 hakurudishiwa kitu. Haki haiozi, lakini mwenye haki anazeeka.

5. Na kwetu?

Tusitazame London tu. Katika mwaka 1952 Hugh Tracey, mtu aliyezunguka Afrika akirekodi muziki, alimkuta pale Jadotville, ndiyo Likasi ya leo, kijana Mwenda Jean Bosco na gitare yake. "Masanga" ikarekodiwa, ikazunguka dunia. Miaka mingi baadaye Mwingereza John Low alisafiri mpaka kwetu ili kuketi karibu na mzee Mwenda na kujifunza vidole vyake. Jina la Mwenda halikupotea. Kwa nini? Kwa sababu alikuwa peke yake: sauti ni yake, gitare ni yake, hakuna wa nyuma.

Lakini orkesta zilipokua, watu wakawa 10, wakawa 20, majina yakaanza kumezwa. Fikirini "Indépendance Cha Cha", iliyorekodiwa Bruxelles katika 1960, wakati wa Meza ya Duara. Sote tunasema: wimbo wa Kabasele. Ni haki, sauti ni yake na African Jazz ni yake. Lakini ondoeni gitare ya Docteur Nico, na ya kaka yake Déchaud inayotembea chini. Inabaki nini? Nico alibahatika, alikuwa mkubwa sana hata jina lake likasimama lenyewe. Na wale ambao hawakuwa Nico? Katika rumba yetu, mahali pa kuchezea, mahali ambapo watu wanaacha bia juu ya meza na kusimama, ni sebene. Sebene ni kazi ya magitare. Mara nyingi haikuandikwa na mtu. Ilizaliwa katika mazoezi, vidole vya mmoja vikimjibu mwingine. Kwenye jalada, chini ya kichwa cha wimbo, pana jina moja tu katika mabano.

Na yule anayefikiri kwamba jina ni kiburi tu, aangalie kwa Solomon Linda wa Afrika ya Kusini. Katika 1939 alirekodi "Mbube" Johannesburg, na haki yake aliiacha kwa shilingi 10, vile inavyosimuliwa. Wimbo ulipita Marekani, ukageuzwa jina, ukaimbwa na vikundi vingi, ukaingia hadi katika filamu ya watoto. Linda alikufa mwaka 1962 katika umaskini. Ni katika 2006 tu watoto wake wa kike walifikia mapatano. Fisher alikuwa na avoka, na alikuwa hai. Linda hakuwa hata na kimoja.

Mtasema: sheria iko? Iko. Nchi yetu ina sheria ya tarehe 5 Aprili 1986 juu ya haki za watunzi na haki za jirani, na inajua kabisa kazi ya watu wengi pamoja. SONECA iliundwa 1969 ili kukusanya haki za watunzi. SOCODA ikachukua nafasi katika 2011. Tunajua vile wanamuziki wanavyolalamikia vyombo hivyo, na malalamiko mengi yana msingi. Lakini tuseme ukweli bila kuzunguka: hata chombo kizuri kupita vyote hakiwezi kulipa mtu ambaye jina lake halikuandikwa. Kabla ya leta kumwibia mpiga gitare, kikundi chake mwenyewe kimekwisha kumfuta.

Mnamo Desemba 2021 UNESCO iliandika rumba ya Kongo katika urithi wa watu wote. Tulicheza, tulifurahi, na ilikuwa haki kufurahi. Lakini urithi wa watu wote usiwe sababu ya kusahau watu. Rumba haikuzaliwa na "taifa". Ilizaliwa na mikono, na mikono ina wenyewe.

6. Tunachodai

Hatutaki kupeleka kikundi chochote tribinali. Feza ya avoka ingemeza ngoma zote za kikundi na mavazi pia. Tunataka kitu kidogo, kinachoweza kufanyika kuanzia mazoezi ya juma lijalo.

Kwanza: kila kikundi kiwe na daftari. Wimbo mpya ukizaliwa, siku ileile, kabla watu hawajatawanyika, iandikwe: maneno ya nani, sauti ya nani, gitare au marimba ya nani, mdundo wa nani, na kama ni wimbo wa zamani, umetoka kijiji gani na kwa mzee gani. Tarehe na sahihi. Asiyejua kuandika atie alama ya kidole. Wahenga walikwisha kusema: mali bila daftari hupotea bila habari.

Pili: mapatano ya kugawa yafanyike kabla ya studio, si baada. Watu wanapatana vizuri wakati sufuria iko tupu. Sufuria ikijaa, kila mtu anakumbuka kwamba ni yeye aliyeleta kuni. Brooker, Reid na Fisher wangekaa saa moja katika Aprili 1967, wangejiokoa na miaka minne ya tribinali na urafiki uliovunjika.

Tatu: majina yote yatangazwe. Kwenye jalada kama kuna jalada, kwenye video inayowekwa kwa telefone na YouTube, na kwa mdomo siku ya fete. Mwenye mikrofoni ataje wa nyuma kama vile anavyotaja wakubwa waliokaa mbele kwenye viti vya plastiki. Tunawasikia wanataja wanapolitiki kwa nusu saa nzima. Dakika mbili kwa wapiga ngoma haitaua mtu.

Nne: viongozi wa vikundi waache kutishia. Kijana anayeuliza "na mimi?" si mwasi, si mchawi, hakutumwa na kikundi kingine. Anauliza swali ambalo Fisher aliliuliza akanyamazishwa. Mkimfukuza, atakwenda na vidole vyake, na kesho mtabaki na maneno mazuri bila mtu wa kuyabeba.

Kuna watakaosema tunaleta ugomvi katika nyumba iliyotulia. Nyumba haikutulia, wandugu. Imenyamaza tu, na mtu aliyeishi na watu anajua kutofautisha hayo mawili. Vijana wetu wanaacha ngoma, wanaacha likembe, tunalaumu telefone, tunalaumu makanisa, tunalaumu muziki wa nje. Tujiulize kwanza kama kijana anaweza kupenda chombo ambacho kitamfanya mtu bila jina mpaka uzee wake. Mzee aliyejua mdundo mmoja ambao hakuna mwingine aujuaye, akifa bila kuandikwa, tunazika watu wawili siku moja: mtu na mdundo.

Kidole kimoja hakivunji chawa, tunasema kila siku. Basi siku ya kuhesabu, tuhesabu vidole vyote.